Vidole vya Dobi

Mtaani hakuna aliyemwita kwa jina lake. Yeye alikuwa Dobi, mkewe alikuwa Mama Pasi, na hata watu wa serikali waliokuja kuhesabu nyumba waliuliza hivyo hivyo: kwa Dobi ni wapi? Kwa miaka thelathini na moja wawili hao walikuwa wamefanya kazi katika ua wa nyuma wa nyumba yao. Mume alifua kwenye birika mbili za saruji, na mke alipiga pasi chini ya kibanda cha bati kilichoinama upande mmoja. Ngozi ya Mama Pasi haikupatana na dawa ya madoa, ilikuwa ikimtoa vipele mpaka kwenye viwiko, kwa hiyo maji yote yalikuwa ya Dobi na moto wote ulikuwa wa mkewe. Wakikutana, wanakutana kwenye kamba ya kuanikia, huyu akianua na yule akipokea.

Mwaka ule Mama Pasi alianza kupumzika katikati ya mashati. Anapiga mawili, anakaa. Baadaye ikawa anapiga moja, anakaa. Madaktari walisema mlango mmoja wa moyo haufungi vizuri, na upasuaji wake haufanyiki hapa. Binti yao, mtoto wao wa pekee, alikuwa akifanya kazi ng'ambo katika nyumba ya kutunzia wazee. Alihangaika huku na huku mpaka akapata hospitali iliyokubali kumpokea mama yake, akawaombea viza wazazi wote wawili.

Lakini aliyepanda ndege alikuwa Mama Pasi peke yake. Dobi alibaki. Wakati huo alikuwa akifua mashuka ya nyumba ya wageni yenye vyumba arobaini, na meneja wake alikuwa amesema kwa upole kabisa kwamba mashuka hayawezi kungoja mtu arudi safari. Mama Pasi mwenyewe ndiye aliyemwambia abaki. "Nikipasuliwa utanisaidia nini wewe, utashika kisu?" alisema, wakacheka, na Dobi akalichukua neno lile kuwa ruhusa. Shemeji yake, mdogo wa Mama Pasi, akaja kushika pasi.

Upasuaji ulikwenda vizuri. Wiki nne mambo yalikuwa shwari. Wiki ya tano, Jumapili mchana, binti alipiga simu akiwa anahema kama mtu aliyepanda ngazi. Kidonda cha ndani kilikuwa kimeingia wadudu, homa haishuki, na madaktari walitaka kumfungua mama kifua mara ya pili.

"Baba, usiulize mengi," alisema. "Nimeshakukatia tikiti ya keshokutwa. Njoo tu."

Jumanne hiyo, kabla ya saa saba mchana, Dobi alikuwa kwenye milango ya uwanja wa ndege akiwa amevaa suti ya mteja mmoja aliyehama bila kuichukua, na amebeba begi la turubai alilozoea kupelekea nguo zilizokwisha pigwa pasi. Ndege ilikuwa ya saa kumi. Alijiona amewahi sana, hata akamwambia mlinzi wa mlangoni kwamba amekuja kuwafungulia. Alipewa kadi ya kupandia bila shida, akaonyeshwa kwa kidole: ukaguzi wa forodha kule, kisha uhamiaji, kisha lango namba nane.

Kwenye forodha kulikuwa na meza ndefu ya bati na mashine inayomeza mabegi upande mmoja na kuyatapika upande wa pili. Begi la Dobi lilimezwa, likakaa. Mkanda ukarudi nyuma, ukaenda mbele, ukarudi tena. Kijana aliyekuwa akitazama kioo alimwita mwenzake, wakainama pamoja. Afisa mmoja mwenye glavu za mpira alilibeba begi mpaka mezani, akamwuliza kama alilipanga mwenyewe. Dobi akasema ndiyo. Afisa akafungua zipu ya mfuko wa pembeni, mfuko ambao Dobi hakuwa ameukumbuka kabisa, akatoa kipakiti cha nailoni kilichofungwa fundo. Ndani yake mlikuwa na unga mweupe laini, kama robo kilo.

Dobi alicheka, na hapo ndipo alipokosea. Alikuwa amecheka kwa sababu alikuwa akikitafuta kipakiti kile tangu mwezi uliopita, na alikuwa amemsingizia shemeji yake kuwa amekitupa. Maafisa hawakujua hayo. Walichoona wao ni mzee mwenye suti isiyomkaa, tikiti ya juzi juzi, unga mweupe, na kicheko. Walimweka kwenye benchi karibu na ukuta na kumwambia asiondoke.

"Ni wanga," Dobi aliwaeleza. "Wa kukazia kola za mashati. Mimi ni dobi."

Wakamwambia kila mtu ana lake la kusema. Vifaa vya kupimia vilikuwa kabatini, na mwenye ufunguo alikuwa amekwenda kula. Abiria wengine walipita mbele yake mmoja mmoja wakivuta mabegi yao ya magurudumu, na kila aliyepita alimtupia jicho kisha akaangalia kwingine haraka. Dobi alikuwa mtu aliyeaminiwa na nyumba nzima nzima; alishapata kurudisha pete, hati ya kiwanja, na barua ambazo mke wa mtu hakutakiwa kuziona. Hakuwa amewahi kukalishwa benchi. Saa ya ukutani ilisema saa nane na robo. Kijasho chembamba kilianza kumtoka chini ya suti ya watu.

Ilipofika saa nane na nusu alisimama bila kuruhusiwa, akaenda mezani akaomba maji ya moto. Yule mwenye glavu alimtazama. Dobi akasema kwamba ule unga kama ni dawa ya kulevya, basi ukimwagiwa maji ya moto utafanya mambo yake unayoyajua wenyewe, lakini kama ni wanga utakuwa uji. Afisa alikuwa na chupa ya chai yenye maji ya moto. Akafikiri kidogo, kisha akamimina maji kidogo kwenye kikombe cha karatasi, akatia konzi moja ya ule unga, akakoroga kwa kalamu. Uji ukaganda, mzito, wenye kung'aa, kalamu ikasimama wima ndani yake. Wote watatu, kijana wa mashine akiwemo, wakakitazama kikombe. Afisa akakohoa, akaandika kitu kwenye daftari, akakizuia kile kipakiti na kumrudishia begi. Alimwambia mzee aende salama, na kwa kweli aliona haya.

Uhamiaji kulikuwa na madirisha sita, matatu yamefunguliwa. Dobi aliangukia dirisha la tatu, kwa afisa wa kike wa makamo aliyevaa miwani yenye kamba shingoni. Alimwamkia, akapokea pasipoti, akapekua viza, akauliza anakwenda kufanya nini. Dobi alimwambia mkewe anapasuliwa. Mama yule alitikisa kichwa kwa huruma, akamwonyesha kijisanduku chenye kioo kilichowaka taa ya kijani, akamwambia aweke vidole vinne vya mkono wa kulia.

Taa ikawa nyekundu.

"Bonyeza kidogo, baba."

Alibonyeza. Nyekundu. Mkono wa kushoto, nyekundu. Kidole gumba peke yake, nyekundu. Afisa akampa karatasi laini afute, akafuta na kioo. Akamwambia avipitishe vidole kwenye paji la uso na pembeni mwa pua vipate mafuta kidogo, maana hiyo husaidia. Dobi akajipaka uso wake mwenyewe kama mtoto anayenawa, watu wa nyuma wakiangalia. Nyekundu. Afisa akauomba mkono wake, akaugeuza juu ya kaunta chini ya taa, akavua miwani na kuivaa tena.

Vidole vile havikuwa na kitu. Ncha zake zilikuwa laini na zenye kung'aa kama kijiko. Miaka thelathini na moja ya sabuni ya magadi, dawa ya madoa na maji ya moto ilikuwa imekwangua kila mstari wa vidole. Alipochukua pasipoti, miaka sita nyuma, mashine ya huko ilimsumbua lakini mwishowe ikakubali. Tangu hapo yalikuwa yamekuja mashuka ya vyumba arobaini.

Afisa alimweleza taratibu. Mfumo ni mpya, na umewekwa kwa sababu kuna watu wanaosafiri kwa pasipoti za wenzao. Vidole vya mtu lazima vifanane na vilivyomo kwenye kompyuta. Akamshikia pasipoti karibu na uso. Pichani alikuwa na ndevu na mashavu. Aliyesimama mbele yake alikuwa amenyoa na amekonda, hasa wiki tano hizi. Hakusema kuwa anamshuku. Alisema tu kwamba yeye hana mamlaka ya kumpitisha kwa mkono. Anayeweza ni mkuu wa zamu.

Mkuu wa zamu alikuwa upande wa pili wa uwanja, akisindikiza ujumbe wa wageni wa serikali. Simu yake iliita bila kupokelewa.

Walimpeleka Dobi kwenye chumba kidogo chenye meza na viti viwili, na afisa mwingine, mwanamume asiyecheka, akaja na fomu. Jina la mama. Akalitaja. Mahali alipozaliwa. Akapataja. Tarehe ya kuzaliwa. Hapo Dobi alisita, kwa sababu tarehe yake ilikuwa ya kukisiwa, aliandikiwa shuleni na mwalimu, na katika fadhaa ile akachanganya mwezi. Yule afisa akaiweka kalamu chini polepole.

"Mzee, hujui siku uliyozaliwa?"

"Najua niliyoandikiwa."

Akatoa kitambulisho, akatoa kadi ya kliniki, akatoa karatasi ya hospitali ya mkewe yenye jina lake kama mume. Akafungua simu akatafuta picha. Alikuwa nayo moja ya yeye na Mama Pasi uani, katikati ya mashuka, nyuso zao ndogo kama punje. Afisa aliitazama kwa muda, akasema haioneshi vizuri. Dobi alijikaza kisabuni, kama alivyozoea kusema mwenyewe kwa utani, lakini sasa hapakuwa na utani; sauti ilikuwa inamkatika. Alimwambia yule mwanaume kwamba wakitaka wamvue nguo, wamfunge pingu, waende naye mpaka kwenye kitanda cha mgonjwa, wakiona si mke wake wamrudishe na pingu hizo hizo. Afisa akasema si yeye aliyetunga sheria. Dobi akapiga magoti. Alikuwa hajampigia mtu magoti tangu alipokwenda kuposa. Yule afisa akaruka kutoka kitini akamwinua kwa kwapa, uso umemwiva, akimwambia asifanye hivyo, tafadhali, asifanye hivyo.

Kupitia ukuta wa mbao alisikia kipaza sauti kikiita abiria wa lango namba nane. Waliita mara ya pili. Mara ya tatu wakamwita yeye kwa jina lake kamili, lile ambalo halikutumiwa na mtu yeyote, na kwa sekunde nzima Dobi hakujua kama ni yeye anayeitwa.

Mama wa dirisha la tatu alikuwa amefunga dirisha lake na kwenda kumtafuta mkuu kwa miguu. Alirudi naye saa kumi kasoro dakika kumi, yeye mbele akihema, mkuu nyuma akisoma fomu huku anatembea. Mkuu alikuwa mtu wa maneno machache. Aliviangalia vidole, akauliza kazi yake, akasema mama yake mzazi alikuwa hivyo hivyo, alikuwa msusi wa mikeka, akatia sahihi. Ilimchukua muda mfupi kuliko kufunga kiatu.

Dobi alikimbia. Mama wa dirisha la tatu alikimbia pamoja naye akimwonyesha njia, viatu vyake vikigonga sakafu. Langoni walimkuta dada wa shirika la ndege akikusanya vipande vya kadi. Mlango ulikuwa umefungwa, na kupitia kioo ndege ilionekana ikisukumwa kinyumenyume polepole na kigari kidogo. Mama yule alibishana kwa niaba yake. Dobi hakubishana. Alikaa kwenye kiti cha chuma, akaweka begi mapajani.

Simu ilipolia hakutaka kuipokea. Alijua ni nani.

"Baba, umeshakaa?" binti aliuliza. "Wanakwambia uzime simu saa ngapi?"

Alimwambia. Upande wa pili akamsikia binti akivuta pua. Walikuwa wanamchukua mama alfajiri, kabla ndege nyingine haijafika. Walikuwa hawawezi kungoja. Homa ilikuwa imepanda tena asubuhi. Dobi akaomba aongee naye, na kwa muda akasikia mikwaruzo ya shuka na mlio wa mashine.

"Dobi."

Sauti ilikuwa nyembamba, lakini ni yeye. Dobi alikuwa amejiandaa kumdanganya kuwa yuko ndani ya ndege, na ameshafunga mkanda. Uongo akauacha.

"Niko uwanjani bado," alisema. "Wamenizuia. Vidole havionekani kwenye mashine."

Mama Pasi alihema.

"Si nilikwambia uvae glavu."

"Ulinambia."

"Miaka yote."

"Miaka yote ulinambia," Dobi akakubali, na machozi yakaanza kumwagika bila kizuizi. Akamwambia alilokuwa amelibeba wiki tano: kwamba angekuja naye tangu siku ya kwanza, kwamba aliogopa kupoteza mashuka ya watu, na kwamba hakuwa na haki ya kufuata neno lake lile la kisu. Aliyasema yote haraka haraka, mbele ya dada wa shirika la ndege na mama wa dirisha la tatu, ambao wote wawili walikuwa wamegeukia ukutani.

"Nani anapiga pasi?" mkewe akauliza.

"Mdogo wako."

"Basi yamekunjamana."

"Yamekunjamana sana."

Akasikia pumzi fupi ambayo ingekuwa kicheko kama ingepata nguvu. Kisha akamwambia, "Njoo kesho, basi," kama vile anamtuma sokoni, na binti akaichukua simu.

Mama wa dirisha la tatu ndiye aliyempeleka kwenye ofisi ya shirika la ndege na kusimama pale mpaka tikiti ikabadilishwa kwa ndege ya kesho yake. Alimpa nakala ya fomu yenye sahihi ya mkuu, akaigonga mhuri mara mbili ili isikataliwe, akamwandikia namba yake ya simu nyuma. Dobi alirudi nyumbani na hakupata lepe la usingizi. Kabla hajatoka tena, binti aliandika maneno matatu: ametoka, bado hajaamka.

Safari ya pili hakuna aliyemgusa. Kijana wa forodha alimpisha, na kwenye dirisha walisoma fomu wakampungia mkono. Ndani ya ndege alikaa kati ya watu wawili waliolala, akaishika fomu ile mkononi saa nane nzima, akiogopa kwamba akiitia mfukoni atafika na kuambiwa hakuna anayemjua.

Alimkuta mkewe hai. Ana mrija mdomoni na mingine shingoni, uso umevimba, na nywele zake zimesukwa upya na binti. Siku mbili za kwanza hakusema kitu. Ya tatu walimtoa mrija wa mdomoni, na tangu hapo waliongea, kidogo kidogo, kwa zamu, kama watu wanaonywea maji kikombe kimoja. Hawakuongea makubwa. Mama Pasi alitaka kujua kama jirani ameziba lile bomba la uani linalovuja. Alitaka kujua ni suti ya nani hiyo aliyovaa, na alipoambiwa, akasema mwenye suti alikuwa mtu mbaya, ni heri alihama. Alikuwa akimtania mpaka wauguzi wakamwuliza binti wanacheka nini. Siku moja tu aligusia alfajiri ile ya upasuaji. Alisema kwamba walipokuwa wakimpeleka kwenye chumba cha upasuaji aliogopa sana, akamtafuta kwa macho, ingawa alijua hayupo. Dobi alilinyoosha shuka lake. Alikaa na neno hilo.

Siku ya tisa, asubuhi, alikata kauli, na kabla ya adhuhuri akafariki. Mume alikuwa upande huu wa kitanda na binti upande ule.

Walimrudisha nyumbani wakamzika. Meneja wa nyumba ya wageni alikuja kutoa pole, akakaa muda wa heshima, kisha akauliza kwa upole ule ule kuhusu mashuka. Dobi alimjibu kwamba hafui mashuka tena. Nguo za watu wa mtaa aliendelea nazo, kwa sababu mtu lazima ainuke asubuhi na kufanya jambo. Watu walimshauri aende kuwashitaki wale wa uwanjani. Alisema amshitaki nani, yule mama aliyekimbia na viatu vyake? Lakini aliiweka hesabu yake moyoni: zingekuwa siku kumi, na ile ya kumi ndiyo aliyokuwa akitafutwa kwa macho. Hiyo hakumsamehe mtu, na wa kwanza asiyesamehewa alikuwa yeye mwenyewe.

Binti anataka ahamie kwake. Anapiga simu kila Ijumaa mchana na kuuliza kama ameshaamua. Dobi humsikiliza mpaka mwisho, huuliza kama amekula, huuliza baridi ya huko, kisha humwambia maji yanachemka jikoni, ngoja akayatoe, watazungumza wiki ijayo.